Mama Hajashiba

Jumatatu, 5 Juni

Maembe yameingia sokoni Tainan. Sasa! Mama aliyalilia hospitalini mwezi wa nne, msimu bado, akafa akinyonya kijiko kitupu.

Jumapili tunafunga maombolezo. Mjomba Hok-sing, ambaye msibani neno lake ndilo la mwisho, atasimamia tukimwuliza Mama, kwa vibao, nani arithi kibanda chake cha uji wa samaki: mimi au Dada Bi-ngoh. Mtoto wa kiume ni mimi. Dada, kwa upande wake, amekaa na Mama jikoni miaka yote niliyokuwa Taipei nikifilisika.

Nina mpango. Kila asubuhi tunampelekea Mama kifungua kinywa mbele ya picha yake. Kuanzia kesho, uji wangu: mchele, tui la nazi, embe, papai, na siagi ya kahawia kama yule mpishi Mfaransa wa kwenye runinga. Akiupenda, kibanda changu.

Jumanne, 6 Juni

Uji umetoka rangi ya dhahabu. Nikachoma udi, nikarusha vile vibao viwili vya mbao vya kuulizia marehemu, bapa upande mmoja, mgongo wa mviringo upande wa pili. Kimoja kikilala bapa juu na kingine mgongo juu, Mama ameshiba. Vikilala migongo juu vyote, hapana.

Migongo. Tena migongo. Tena!

Na Mama asiposhiba, walio hai hawali. Jua limepanda, Mjomba akauliza tunaomboleza au tumefungwa jela. Dada akaleta bakuli la uji wa samaki, akarusha mara moja. Ameshiba! Upendeleo mpaka ahera.

Jumatano, 7 Juni

Nimeongeza mapera. Dada amepiga yowe mtaa mzima ukasikia. Mapera kwa marehemu! Mbegu zinazopita tumboni nzimanzima na kwenda kuota nyuma ya choo! Eti nina akili au nina maji kichwani?

Nikamweleza kwamba Ulaya siku hizi wanachanganya kila kitu. Mjomba akasema dada yake hakuzikwa Ulaya.

Vibao: bapa zote mbili juu. Maana yake Mama anacheka. Mimi naona ni dalili njema. Dada anasema Mama alicheka hivyohivyo nilipofungua duka la barafu mwezi wa kwanza, katikati ya baridi.

Alhamisi, 8 Juni

Nimemwonjesha mteja wetu wa zamani, Mzee Tsiu. Akameza, akauliza nani amefariki. Nikamwambia ni Mama, mbona alikuja mazikoni. Akasema anajua, alikuwa anauliza kama kuna mwingine.

Nimekula bakuli zima peke yangu. Embe lilikuwa tamu. Kitu kingine kilikosekana, sikijui. Nikalia kidogo, kwa sababu ya moshi.

Jumamosi, 10 Juni

Mama ni mkaidi, basi asaidiwe. Nimetoboa kibao kimoja mgongoni na kingine upande wa bapa, nikatia risasi za mshipi wa kuvulia, nikaziba kwa nta. Nimejaribu sakafuni mpaka mkono ukauma. Ndiyo. Ndiyo. Ndiyo! Hata nilipouliza kama mimi ni mpishi.

Jumapili, 11 Juni

Sikufikiria jambo moja: mkubwa huanza.

Dada akapiga magoti, akauliza achukue kibanda. Ndiyo. Mjomba akataka arudie, apate uhakika. Ndiyo, ndiyo. Nikadai zamu yangu. Mjomba akaniambia, “Wee Kiat, mama yako kashasema. Unataka apaze sauti?”

Kisha Dada akachukua embe moja kikapuni kwangu, akalimenya, akaliweka tupu mbele ya picha. Akauliza, “Mama, ndilo hili ulilokuwa unalitaka? Umeshiba sasa?”

Vibao vikasema ndiyo. Wote wakaangua kilio, Mjomba pia.

Nami nililia kuliko wote. Ni mimi peke yangu ninayejua kwamba hatutajua kamwe.

Jumatatu, 12 Juni

Dada amenipa kazi ya kuosha masufuria. Amesema kwa upole, ndicho kinachouma.

Lakini siku ya mia tangu afe inakuja, na Mama ataulizwa tena. Nimetoa risasi ya kibao kimoja na kuihamishia upande wa pili. Sasa vinasema hapana kwa kila kitu. Dada ataanza, atakataliwa, kisha itakuwa zamu yangu.

Nimeupekua mpango huu kila upande. Hauna tundu.

Mwezi huo yatakuwepo mafenesi.