Damu ya Puna Haihitaji Chujio

Habari ya redio ilimpandisha Fermín mori. Mkata chumvi huyo, ambaye rafiki zake walimwita Chumvi, alifika kwenye benchi la kituo cha zamani cha treni na hakutaka hata kukaa.

"Mmesikia? Wataalamu wametupima! Maji yetu yana aseniki, mgeni akinywa anaugua, sisi wa Puna, wa nyanda hizi za juu, tunanenepa!"

"Kunenepa hawajasema, Chumvi," alisema Mwalimu Nicasia, akimimina maji ya moto kwenye kibuyu cha chai ya majani iitwayo mate. "Wamesema wengi wetu tuna jeni inayousaidia mwili kuitoa sumu hiyo upesi. Wengi. Kusaidia."

"Si ndiyo hayo hayo! Leo kwenye mkutano wa kijiji, kura ikipigwa, naupinga mtambo wa kuchuja maji. Watujengee jukwaa la kanivali."

Crisanto, dereva mstaafu wa treni ambaye wote walimwita Reli, alipokea kibuyu akavuta mrija. "Mimi hata sina wasiwasi. Nachemsha."

"Ukichemsha maji ya aseniki, Reli, unapata aseniki ya moto."

Reli aliukodolea mrija macho, akatafakari, akavuta tena.

"Mababu walikunywa miaka elfu na elfu mpaka wakazoea," Fermín alisema.

"Hakuna aliyezoea, bwana wee. Walioweza kuitoa sumu walikua wakazaa. Wengi wa wasioweza walizikwa wachanga. Sisi ni uzao wa waliobaki. Damu unayoringia imelipiwa makaburini."

"Basi kama imeshalipiwa, tulipe mara ya pili ya nini?"

Reli alicheka hadi majani ya koka aliyokuwa akitafuna yakamtoka shavuni. Fermín akavuta suruali juu, mshindi kabisa.

"Lakini Chumvi," Reli alisema akijifuta kidevu, "mkweo Yanina, mke wa mwanao, si wa Misiones, kule msituni? Na ile mimba?"

"Mjukuu ni wa Puna! Atachukua damu yangu."

"Nusu atachukua kwa mama yake," alisema Mwalimu. "Na nusu ya mwanao hujui itakuwa ipi. Yanina mwenyewe huenda hana jeni hiyo kabisa."

"Damu yangu ina nguvu. Itaishinda."

"Hii si ndondi, Chumvi."

Fermín aliikumbuka asubuhi. Alikuwa amemwona Yanina akijaza jagi la pili bombani. Hewa kavu ya huku juu ilimkausha koo, na yeye mwenyewe, baba mkwe, ndiye aliyemwambia anywe, anywe sana, maji hayana ubaya.

Akachukua kofia yake.

"Unakwenda wapi? Mkutano bado," Reli alisema.

"Nawahi kiti cha mbele. Nataka wauone mkono wangu."

"Ukikataa?"

"Nikikubali."

"Lo! Dakika tano tu, umeshawakana mababu?"

"Mababu hakuna aliyewapa nafasi ya kunyoosha mkono," alisema Fermín. "Mimi nimepewa."