Kazi ya Exaucé Haina Jina

Habari ilitoka redioni wakati ndagala, dagaa wa Magara, walikuwa bado wanapimwa sokoni. Exaucé, mtoto wa Rumonge, amepewa nishani huko Kanada: mfanyabiashara wa bangi aliye mfano kwa vijana, na mtetezi wa kuihalalisha kila inapokatazwa. Kwa Da Esha, penye mabenchi mawili na birika la kahawa ya tangawizi, vikombe vilisimama hewani.

Tarsisi alikuwa wa kwanza kushusha cha kwake. Pale kijiweni anaitwa Balozi, kwa sababu ukimbizi wa Tanzania ulimrudisha na Kiswahili kilichopigwa pasi, na tangu arudi hakuna familia inayoenda kuposa bila kuazima ulimi wake. Hajawahi kukataliwa akarudishwa na mitungi ya pombe ya posa. Na Jumamosi hii ilikuwa zamu ya dada yake mwenyewe, Scovia, mama wa huyo huyo Exaucé. Balozi asimame mbele ya wazazi wa Beatrisi, amwombee mpwa wake mke.

Mila ina nafasi ya kuzunguka. Binti unaweza kumwita ndama, ukasema umefuata nyayo zake tangu Muhuta, watu wakacheka na kugongeana vibuyu. Lakini kuna swali moja halizungukwi: mkwe wetu anafanya kazi gani?

Na atakayeuliza ni Ajida Niyonzima, polisi mstaafu, baba wa Beatrisi. Ndiye aliyemfumania Exaucé na msokoto wa bangi nyuma ya choo cha shule. Mtoto aliruka ukuta, Ajida akaruka nyuma yake. Mtoto alitua upande wa pili na kuendelea na maisha. Ajida alitua kwa goti. Tangu siku hiyo anatembea na fimbo.

"Hongera, Balozi," akasema Rachidi, muuza mawese anayeitwa Jurnali, yaani taarifa ya habari, kwa kuwa redio haishuki begani kwake. "Mupwa wako amekuwa mukubwa. Ajida akiuliza kazi yake, utasema nini?"

"Nitasema ni mkulima."

Rachidi akachukua mwiko wa Da Esha, akauegemea kama fimbo, akapinda goti na kukunja uso. Hata sauti ikawa ya Ajida. "Mukulima. Vizuri. Analima nini?"

"Mimea."

"Muhogo ni mimea. Magugu pia ni mimea."

Balozi akakohoa. "Majani."

"Ya mboga? Lengalenga?"

"Lengalenga gani inapewa nishani," akasema Da Esha bila kuinua macho kutoka kwenye mandazi.

Jephté akarekebisha koti. Yeye wanamwita Katiba: alisoma sheria Bujumbura mwaka mmoja, masomo yakabaki huko, koti likarudi. "Sema ni mwekezaji katika sekta ya mimea yenye thamani ya juu."

"Mutu akitaja sekta mbele yangu," akajibu Rachidi, bado ni Ajida, "ninaanza kumupekua mifuko."

"Basi mganga," Balozi akajaribu.

"Anaponesha nini?"

"Watu wasio na usingizi. Na wale wasio na hamu ya kula."

"Hapa kwetu ukipata chakula, hamu inajileta yenyewe."

"Mafuta, basi. Wanasema anakamua na mafuta. Si uongo."

Sauti ya Rachidi ikarudi kuwa ya muuza mawese, goti likabaki la Ajida. "Yoo, Balozi, utajichimbia shimo. Ajida iko na michikichi Kizuka. Ukisema mafuta atataka kujua ana miti mingapi na mashine ya aina gani, kisha atakutuma umuletee mbegu."

Jephté akacheka hadi kahawa ikamwagikia lile koti. "Tuwe wakweli. Mutu alifukuzwa shule, akakimbilia kambini, akapelekwa Kanada, akasugua vyoo vya watu. Halafu akaajiriwa kwenye zile nyumba za plastiki ambako majani yanawashiwa taa na kupigiwa muziki. Leo iko na maduka na kravati shingoni, anaalikwa kwenye mikutano kueleza jambo lile lile alilofukuziwa."

"Majani yanawashiwa taa," akasema Rachidi. "Mimi umeme unanitembelea kama shemeji, unakula na kuondoka. Na Cikuru je?"

Kila mtu alimjua Cikuru, mvuvi, mteja wa pale pale. Juzi alikamatwa pwani ya Magara na bangi ya kujaza kiberiti, akatiwa kasho, mahabusu ya polisi.

"Kosa la Cikuru ni kukosa kravati," akasema Da Esha.

"Kosa ni la safari," akasema Jephté. "Vuka ziwa nayo, wewe ni muhalifu. Vuka bahari uikute huko, wewe ni mwekezaji."

Wote walicheka ila Balozi. Alikuwa anapima pande mbili na zote zinauma. Akidanganya, Beatrisi na Exaucé wanaongea kwa simu kila siku. Uongo utafika nyumbani kabla ya vibuyu kukauka. Akisema kweli, Ajida atairudisha mitungi ikiwa imejaa, na Rumonge nzima itamwona Balozi akipita nayo barabarani. Scovia hatamsemesha tena. Na ulimi wake, ambao ndio shamba lake, nani atauazima?

"Amahoro," sauti ikasalimu nyuma ya benchi.

Rachidi aliganda na mwiko wake. Goti lake lilikuwa bado limepinda.

Ajida Niyonzima akaketi, akachukua andazi kwa mkono mmoja na kuwasalimia kwa mwingine. Ilimchukua Balozi muda kung'amua kilichokosekana. Mikono yote miwili ilikuwa huru.

"Ajida, fimbo iko wapi?" Da Esha akauliza.

"Imestaafu." Akamtazama Rachidi. "Rudisha mwiko wa watu, Jurnali. Mimi sikuwa ninapinda upande huo."

Kahawa ikamiminwa.

"Balozi, redio nimeisikia," akasema Ajida. "Jumamosi usinizungushe." Akatoa mfukoni kikopo cha mafuta ya kupaka chenye picha ya jani, jani lile lile alilolikimbiza hadi kwenye ukuta. "Beatrisi alinipa. Ninapaka tangu Pasaka. Nilipomuuliza kuna nini ndani, akaniambia baba, soma. Nikasoma."

"Ukafanya nini, mzee?" Balozi akauliza kwa uangalifu.

"Nikaendelea kupaka. Goti hili alilivunja yeye. Alitengeneze yeye."

Balozi akahisi mitungi inamshuka kichwani, mmoja baada ya mwingine. "Lakini mbele za watu niseme ni nani?"

"Muganga wa magoti. Mimi nitakunja uso, niombe ushahidi. Wewe usiseme neno, uniangalie tu. Nitasimama, nitatembea hadi mulangoni na kurudi. Wakwe watapiga makofi." Akatikisa kikopo sikioni. "Na umwambie Exaucé kinaisha, alete kingine."

Balozi akacheka, cheko la mtu aliyerudishiwa shamba lake.

"Ajida," akasema Jephté taratibu, "majani ya Cikuru ni yale yale."

Ajida akamaliza kahawa hadi machicha. Akasimama kwa mguu uliokuwa mbovu, makusudi, wote wauone.

"Cikuru ameponesha goti la nani?"

Akaondoka kuelekea sokoni kwa mwendo wa polisi aliyeona mtu akiruka ukuta.

Balozi naye akakimbilia kwa Scovia na habari njema, Rachidi akatundika redio begani. Da Esha alikuwa anafunga mandazi kwenye gazeti, ya kumpelekea Cikuru kasho, maana huko asiyeletewa chakula hali.

"Da Esha," akasema Jephté, akikunja koti lake lenye doa, "ukifika huko, uulizie kama kuna polisi anaumwa goti."