Mfuko Mmoja wa Ndizi kwa Mwezi

Jumatatu, tarehe 3 Juni

Kalamu ameshika Lamai. Mdogo wangu huyu alifika darasa la nne. Mimi sikufika hata getini, nilikuwa nachunga bata. Basi mimi nasema, yeye anaandika. Eti nikisema jambo leo, kesho nalikana, ndiyo maana tuandike. Sijawahi kukana kitu maishani. Andika hivyo hivyo.

Leo siku njema. Nyumba imetimiza miaka sita! Ya ghorofa, vigae vyekundu, choo cha ndani. Ukuta tunachangia na jirani, lakini ukuta ni ukuta. Nimemwaga mbegu zangu za ukwaju mezani nikahesabu. Nyumba milioni mbili. Kila mwezi tunalipa benki baht elfu tisa mia tisa tisini na tisa, tisa nne zimejipanga kama bata wangu wa zamani. Tuseme elfu kumi. Basi mbegu mia mbili na nyumba yetu! Kila mwezi nahamisha mbegu moja kutoka kopo la buluu kwenda kopo la uduvi. Kopo la uduvi lina mbegu sabini na mbili. Karibu nusu! Lamai anasema si karibu nusu. Lamai hajawahi kufuga bata.

Jumapili anakuja mama yake Anchan. Anchan ni mchumba wa mwanangu Wirot, mwaka wa nne sasa anamsubiri. Mama mtu anataka kujua binti yake anaolewa kwenye nyumba au kwenye deni. Kauliza hivyo hivyo, bila haya, mbele ya samaki wangu wa kukaanga. Sasa mpango wangu ni huu: naenda benki wanipe barua yenye muhuri, kwamba tuko karibu nusu. Nitaiacha mezani chini ya sahani ya maembe. Ataiona kwa bahati mbaya.

Jioni nafagia, Phayom wa ng'ambo ya njia akaniita. Anauza ndizi za kukaanga, anaishi kwenye kibanda cha mbao kinachovuja. "Dada Sangwian, nyumba nzuri hiyo. Mwenyewe anahamia lini?" Nikamwambia angalau ya kwangu haivuji. Akasema ya kwake inavuja, lakini inamvujia yeye peke yake, haivujii benki.

Mwanamke yule!

Jumatano, tarehe 5 Juni

Nimekwenda benki. Sketi yangu ya hariri, poda, marashi. Ningejua ningevaa ile ya kufulia nguo.

Afisa mikopo ni binti mdogo, ana adabu, akaniita bibi, akaniletea maji. Nikamweleza habari ya mbegu. Akafungua faili letu. Halafu akaanza polepole, kama mtu anayekuambia paka wako kafa. Kwamba miaka mitatu ya mwanzo riba ilikuwa ndogo, ya kumkaribishia mgeni. Baada ya hapo ikapanda. Sisi tukaendelea na tisa zetu nne kwa kuwa ndivyo tulivyokubaliana. Kwa hiyo sasa pesa ikiingia, riba inakula kwanza. Kinachobaki ndicho kinapunguza deni lenyewe.

Nikauliza kinabaki nini.

Baht ishirini na moja.

Nikauliza kwa siku? Akasema kwa mwezi, bibi.

Nikaomba kiti. Akasema umekaa juu ya kiti, bibi.

Ishirini na moja! Mfuko wa ndizi za Phayom ni baht ishirini. Miaka mitatu, kila mwezi, tumekuwa tukijinunulia nyumba yetu mfuko mmoja wa ndizi na sarafu moja juu. Mbegu zangu zote zile! Binti akaendelea, sijui ni nani aliyemwomba aendelee. Kwamba tukilipa hivi miaka yote arobaini tutakuwa tumetoa pesa za kununulia nyumba mbili na nusu. Nikamwuliza hiyo moja na nusu ya ziada iko mtaa gani, niipangishe. Hakucheka. Akasema na kwa riba hii hata hiyo arobaini ikiisha, deni lenyewe litakuwa bado limekaa hapo linatutazama.

Nikauliza kwa hasira ni mjinga gani aliyechagua miaka arobaini.

Hapa Lamai ameweka kalamu chini, anataka na yeye aseme. Anasema tulikuwa wote siku ile. Benki ilisema elfu kumi na tatu kwa mwezi, miaka ishirini. Eti mimi nikasema kumi na tatu haina tisa hata moja, nyumba bila tisa haisongi mbele. Wakasema tukishusha hadi tisa nne miaka inakuwa arobaini. Eti nikasema sawa tu, miaka ni bure. Na mtawa je, si ndiye aliyeniambia tisa ni namba ya baraka? Lamai anasema mtawa wa hekalu aliniambia niandike tisa mlangoni. Ya benki niliongeza mwenyewe.

Sikumbuki. Andika sikumbuki.

Alhamisi, tarehe 6 Juni

Sikulala vizuri. Wirot amerudi kutoka kiwandani kumekucha. Anatengeneza matairi, zamu ya usiku, tangu tuchukue nyumba, kwa kuwa usiku wanalipa zaidi. Alikula wali na yai amesimama. Akalala chini kwenye mkeka na viatu vyake miguuni. Nimemwona mvi nyuma ya sikio. Nikaing'oa. Hakushtuka hata kidogo. Ana miaka thelathini na sita. Zamani ukimgusa tu anaruka kama kamba aliyetolewa majini.

Halafu nikaanza kufikiria ghorofa. Juu hakai mtu. Mimi magoti yangu hayapandi. Yeye anasema juu kuna joto. Anayekaa juu ni feni, na lenyewe bado liko kwenye boksi lake. Ghorofa niliitaka kwa sababu Phayom hana.

Basi. Lamai usiandike hilo la Phayom. Umeshaandika? Haya.

Jumapili, tarehe 9 Juni

Siku mbaya. Naisema haraka niimalize.

Nilimwogopa Phayom na mdomo wake. Lamai alimsimulia habari ya ishirini na moja. Anasema ilimponyoka. Kitu kikimponyoka Lamai kinafika sokoni. Nikapanga: mama Anchan akiwa hapa, Phayom asipate nafasi ya kusogea. Asubuhi nikamtuma Lamai akanunue ndizi zake zote, sinia zima, ili mwanamke arudi ndani akamenye nyingine. Akili hiyo!

Phayom kuona ndizi zimeisha akafunga meza, akaoga, akaja kututembelea. Biashara imekwisha mapema, eti, kwa nini asije kumwona mgeni. Akaketi. Akala ndizi zake mwenyewe kwenye sahani yangu.

Mazungumzo yalikuwa yanakwenda vizuri. Mama Anchan alisifu vigae. Phayom akasema ndiyo, vigae vizuri, na pole pole vitakuwa vyenu tu, baht ishirini na moja kwa mwezi si haba.

Mama Anchan akaweka kijiko. Akaniuliza ni kweli? Nikamwongezea wali. Akauliza tena, mkataba ukifika mwisho kijana atakuwa na miaka mingapi. Mimi nikawa naangalia samaki. Lamai akawa naye anaangalia samaki. Samaki hajawahi kutazamwa vile.

Wirot akajibu mwenyewe, taratibu. "Sabini, mama."

Kumbe alikuwa anajua! Benki ilimwambia tangu riba ilipopanda. Nikamfuata jikoni nikamwuliza kwa nini hukunieleza, wewe mtoto. Akasema, "Mama, ulikuwa unafurahi ukihesabu mbegu zako."

Nilitamani anitukane.

Mama Anchan alipoondoka alisema ana heshima zote, lakini binti yake hatakwenda kulipa nyumba ya watu mpaka awe bibi. Anatupa hadi mwisho wa mwezi. Kama hakuna njia, Anchan anakwenda Hat Yai kwa shangazi yake, kuna duka la kushona, na kuna mtu huko amekwisha uliza habari zake.

Anchan alipofika mlangoni akanipangia viatu vyangu vizuri, akatoka.

Jumatano, tarehe 12 Juni

Nina mpango! Nimeweka jiko la vitumbua vya nazi mbele ya nyumba, mkabala kabisa na ndizi za Phayom. Vitumbua vyangu vina kitunguu kibichi na mahindi. Watu wamepanga foleni. Phayom akaanza kutoa ndizi moja ya bure. Nikaanza kutoa kitumbua cha bure na hadithi ya bata.

Nimepata baht mia tano. Nikazikimbiza benki kwa pikipiki ya kukodi, nikamwambia binti hizi si za mwezi, hizi ni za juu. Akasema za juu haziliwi na riba, zinakwenda moja kwa moja kwenye deni lenyewe.

Sikiliza hapo. Mia tano! Ni mifuko ya ndizi ya miaka miwili, nimeilipa kwa asubuhi moja! Na binti akasema kila baht ninayoitoa leo haitazaa riba kesho, wala mwakani, wala miaka yote inayokuja. Nikaelewa. Uzee huu wote, leo ndiyo nimeelewa. Deni ukiliacha limelala linanenepa. Nilirudi nikiimba kwenye pikipiki, dereva akaniomba nitulie.

Hivi ndivyo nitakavyofanya kila wiki. Nimeapa.

Jumapili, tarehe 16 Juni

Leo bahati nasibu ya taifa.

Nilikuwa na elfu moja mia nane za vitumbua kwenye kopo la uduvi. Za benki. Za kesho. Lakini muuza tiketi alipita na baiskeli, na tiketi zake zinaishia na tisa tisa. Sasa mtu aliyeishi na tisa miaka sita, akateseka nayo, si yeye ndiye anayeidai? Nikasema tisa inataka kunirudishia. Nikanunua kwa pesa zote.

Tarakimu mbili za mwisho zimetoka: mbili, moja.

Ishirini na moja!

Kelele nikazisikia ng'ambo ya njia kabla redio haijamaliza. Phayom alinunua tiketi tano zinazoishia hivyo. Alikuwa ameichukua namba kwenye deni langu! Akaja kunishukuru, kaleta mfuko wa ndizi. "Dada Sangwian, Mungu akupe madeni mengine." Kesho anabadilisha bati lote. Taslimu.

Lamai amepiga hesabu bila kuombwa. Zile pesa ningezipeleka benki zingekuwa ndizi za miaka saba.

Leo nisiandikiwe kitu kingine.

Jumamosi, tarehe 22 Juni

Anchan amekuja mwenyewe, bila mama yake. Wameketi ngazini yeye na Wirot saa nzima wananong'ona. Ngazi hizo, ndiyo mara ya kwanza zimepata kazi.

Halafu wakaniita. Wanahamisha deni kwenda benki nyingine yenye riba nafuu. Kumbe watu wote mtaani huhamisha kila baada ya miaka mitatu! Lakini lazima uombe mwenyewe, benki haikupigii simu kukuambia unaliwa. Watalipa elfu kumi na tano kwa mwezi, wote wawili. Miaka kumi na minne. Wirot atamaliza ana hamsini, ataondoka zamu ya usiku akishapata nafasi ya mchana. Mama Anchan amekubali, kanuna lakini amekubali.

Nikalia. Nikasema mwanangu, miaka sita yako nimeipeleka wapi. Wirot akasema yaishe, mama. Anchan akanipa kitambaa, akasema ana sharti moja tu.

"Mama, namba usichague wewe."

Nikaapa mbele ya sanamu ya Buddha, na uvumba nikawasha. Sitagusa namba yoyote ya nyumba hii. Sitasahau ndizi zile. Rejesho dogo ni miaka mingi, na miaka si bure, miaka ndiyo ghali kuliko vyote. Lamai, piga mstari chini ya hayo maneno. Piga miwili.

Ijumaa, tarehe 28 Juni

Yamekwisha! Wametia saini benki mpya. Mimi nilikaa kwenye benchi mikono mapajani, sikutia neno. Elfu kumi na tano kavu. Haina tisa hata moja, roho iliniuma, nikajikaza. Anchan hatakwenda Hat Yai. Arusi baada ya mavuno.

Wenyewe wakaenda kula tambi za kusherehekea. Mimi nikasema natembea kidogo. Nikapita duka la samani.

Lamai, usinitazame hivyo, andika.

Maharusi watalala wapi? Kwenye mkeka? Nimewachukulia kitanda cha mtiki chenye tausi kichwani, kabati la vioo vitatu, na televisheni pana kuliko mlango wa Phayom. Vyote vinakaa juu, ghorofa ipate watu. Nyumba yenyewe sikuigusa, namba ya benki sikuigusa, kiapo changu kiko palepale. Na hapo hapo nyumba imepata tisa zake, kwa sababu dukani ni baht mia tisa tisini na tisa tu kwa mwezi. Tisa tatu! Vitumbua vinatosha kabisa. Kijana wa duka hakutaka hata pesa ya kutangulizia, alitaka dole gumba langu tu.

Akaanza kunisomea ni kwa miezi mingapi. Nikamshika mkono. Nikamwambia acha baba, utaharibu baraka.

Vinaletwa kesho. Phayom atakuwa ameketi nje, chini ya bati lake jipya, ataona kila kitu kikipanda ngazi.

Kopo la uduvi nimeshaliosha. Lamai anauliza safari hii aweke mbegu ngapi kwenye kopo la buluu. Nimemwambia ajaze tu.