Ombi la Mimi na Mama Kuandikishwa Nyangumi

Kwa Mheshimiwa Kamanda,
Kikosi cha Nyambizi,
Jeshi la Wanamaji.

Mheshimiwa,

Yah: Ombi la kuandikishwa nyangumi, mimi pamoja na mama yangu mzazi

Natumaini barua hii inakukuta mzima na ukiwa nchi kavu, maana sijui kama posta hufika huko chini mnakokaa. Sisi hatujambo, isipokuwa masikio. Mimi ni mshona mapazia, kazi ninayoifanyia nyumbani, na ni mke halali wa mtu wako wa zamani, yule mliyekuwa mkimwita Sikio, aliyekuwa akikaa kwenye chumba cha sona akiisikiliza bahari. Mlimstaafisha mwaka huu kwa keki, saa ya ukutani na maneno mazuri. Keki tulikula. Saa inafanya kazi. Huyo mstaafu ndiye aliyenishikisha kalamu.

Kabla hujashtuka, niseme mapema kwamba mume wangu nampenda, si mlevi, wala hana mwanamke wa pembeni. Ana mlio.

Wewe unayajua mambo haya kuliko mimi, lakini nataka uone kwamba nimefundishwa vizuri, tena mezani, huku chakula kinapoa. Chini ya maji ni giza. Macho hayafiki mbali, sauti inafika. Kwa hiyo nyambizi hutumia masikio, kwa njia mbili. Ya kwanza ni kunyamaza na kusikiliza: injini za meli, pomboo wanaopiga soga, kamba wanaofyatua makucha. Ya pili ni kupiga mlio mkali na kusubiri. Mlio ukigonga kitu, unarudi. Unapima umekawia kiasi gani, unazidisha kwa kasi ya sauti majini, unagawanya kwa mbili kwa sababu umekwenda na kurudi, na hapo unajua kitu kiko umbali gani. Ubaya wa njia hii ya pili ni kwamba anayepiga mlio naye anajulikana aliko. Ndiyo maana nyambizi hukaa kimya, na mlio haupigwi mpaka mkubwa atoe amri.

Sasa mfikirie mtu aliyekaa nusu ya maisha yake mbele ya kitufe asichoruhusiwa kukibonyeza. Huko kwenu alivaa viatu laini, akakohoa ndani ya mto, akaweka kijiko mezani kama analaza mtoto. Amestaafu. Hakuna wa kumpa amri, na hakuna wa kumkataza. Anasimama katikati ya korido, anavuta pumzi, anapiga: "Ooooi!" Kisha anainamisha kichwa upande, anafumba jicho moja, anasubiri. Ukishtuka kiti kikalia, ukiangusha mkasi, ukiitika "Nipo!", vyote kwake ni mwangwi. Anatikisa kichwa kwa kuridhika na kutangaza: mke, chumba cha kushonea, anaelekea dirishani; mama mkwe, jikoni, ameketi. Halafu anarudi kwenye gazeti lake. Hakutaka kitu. Alitaka tu kujua tuko wapi. Baada ya muda anapiga tena, kwa maelezo kwamba vitu husogea.

Malalamiko yangu ni haya:

1. Hesabu zake ni za majini. Sauti majini hukimbia zaidi ya mara nne kuliko inavyokimbia hewani. Mume wangu hili analijua vizuri, ila akili imeshazoea kasi ya zamani. Kwa hiyo, kwa vipimo vyake, jikoni ni mbali zaidi ya mara nne ya pale palipojengwa, na kwa umbali huo haoni haki mtu wa umri wake kutumwa kufuata chai. Nilimpimia korido kwa futi yangu ya kushonea, mbele ya macho yake. Alisema futi ni kifaa kizuri kwa mapazia.

2. Watu hawali. Ni yeye mwenyewe aliyenieleza kwamba nyangumi wa bluu, wale wakubwa kupita wote, wakisikia mlio wa namna ile huweza kuacha kula na kwenda zao. Mama yangu hajawahi kuacha sahani na kitu ndani tangu nimjue. Sasa kijiko kikiwa njiani mlio unapigwa, kijiko kinasimama, mchuzi unaendelea na safari peke yake hadi mapajani. Amekonda. Gauni lake la maua nimelipunguza pande zote mbili, na maua ya pembeni yamepotea kabisa.

3. Kukwama ufukweni. Kuna nyangumi wenye midomo iliyochongoka, wapiga mbizi hodari, ambao mlio ukiwashtua wakiwa kwenye kina hupoteza utaratibu wao wa kupanda juu. Viputo vya hewa hutokea mwilini, kama kwa mzamiaji aliyepandishwa haraka, na wengine hukutwa wamekwama mchangani. Aliponisimulia habari hizo alisukuma sahani yake pembeni. Basi, Mheshimiwa, kina changu mimi ni bafuni. Siku hiyo nilikuwa nimezama, kichwa chote sabuni, mlio ukapigwa nje ya mlango. Nikajua nyumba inaungua. Nikapanda juu bila utaratibu wowote, nikakwama kwenye korido nikiwa na taulo na viputo mwili mzima, mbele ya fundi bomba aliyeitwa kutazama sinki. Fundi yule ni muungwana. Aligeukia ukuta akaanza kuukagua, ukuta ambao hauna bomba hata moja. Mume wangu naye akatangaza: mke, korido, umbali sifuri.

4. Sauti zetu zimepanda. Nyangumi wakizidiwa na kelele, baadhi yao huongeza sauti ili wasikizane. Na sisi ni hivyo hivyo. Nilitaka kumnong'oneza Mama kwamba pazia la mwalimu, jirani yetu, nimelikata fupi na sijui nimwambieje. Mwalimu alifika mlangoni kabla sijamaliza kunong'ona.

5. Hili ndilo kubwa, na naomba ulisome ukiwa umeketi. Niliposikia kwamba nyambizi huvishwa vigae vya mpira ili vimeze mlio usirudi, nilifurahi, kwa sababu kumeza sauti ndiyo kazi yangu. Nilishona mapazia ya tabaka tatu, sufi katikati, nikayatundika korido nzima na kila mlango. Mlio ukapigwa. Hakikurudi kitu. Mimi na Mama tulikaa chumba cha kushonea tumeziba midomo kwa vitambaa, tunacheka hadi mbavu zinauma, tukingoja mzee akate tamaa.

Hakukata tamaa. Alitutafuta chini ya vitanda na ndani ya kabati, akatoka pekupeku hadi kwa fundi viatu wa pale pembeni kumuuliza kama ametuona tukipita. Alipotukuta uso ulikuwa umempauka. Nilimwonea huruma, sifichi. Lakini huruma hiyo haikufika mbali, maana kesho yake alikuwa ameamua kwamba sisi hatuna kosa, kifaa ndicho dhaifu. Akaja na sufuria ile kubwa ya wageni, akaingiza kichwa, akapiga mlio akiwa humo ndani. Vioo viliitika. Mama, aliyekuwa amejilaza baada ya chakula, alijikuta amesimama bila kukumbuka aliinukaje.

Akafunga mzigo. Alisema kwa upole kabisa kwamba amezoea mkwe wake kumpigia hodi, sufuria bado hajazoea. Akaenda kwa mama mdogo, nyumba ya mazulia na milango isiyolia. Nyangumi nao hufanya hivyo, huacha makao yao hata kama chakula kiko pale pale.

Hapa naomba nisitanie kidogo. Mama ndiye anayenishikia ncha ya pili ya kitambaa nikikata. Sasa naifunga kwenye mgongo wa kiti, na kiti hakina habari za mtaa. Namtaka Mama arudi. Hilo ndilo jambo lenyewe, mengine yote niliyoandika ni marinda.

6. Nilikuwa nimesahau. Tangu Mama aondoke, mume wangu akipiga mlio mimi naitika, lakini yeye habanduki pale korido. Bado ameinamisha kichwa, anasubiri mwangwi wa pili. Chakula kinapoa. Naomba na hili lihesabiwe.

Nimefika kwenye ombi. Mume wangu aliwahi kunisimulia siku mazoezi yenu yaliposimamishwa kwa sababu nyangumi alionekana akipita na ndama wake. Meli nzima, na wanaume wazima wenye vyeo, walinyamaza mama na mtoto wapite. Kumbe mna taratibu nzuri! Mnaweka watu wa kutazama kwanza kama kuna kiumbe karibu. Mnaanza na mlio mdogo ili anayetaka kuondoka aondoke. Kiumbe akiwasogelea mnapunguza, akikaribia zaidi mnazima. Kuna maeneo mengine hampigi kabisa. Nilimuuliza mume wangu kwa nini mama mkwe wake naye asipate japo nusu ya hayo. Alifikiri sana, tena kwa moyo safi, akajibu kwamba utaratibu unataja nyangumi tu.

Sitaki kukusumbua kubadilisha utaratibu, najua vikao vyake. Ni rahisi zaidi kutubadilisha sisi. Naomba mimi na Mama tuandikishwe nyangumi. Sifa tunazo: tunapumua kwa mapafu, tumenyonyesha, tunakwenda pamoja, na Mama anaimba akifua hadi mtaa wa pili. Picha ziko tayari. Kama upande wa nyangumi mmejaa, tutakubali kuwa pomboo, ingawa kwa Mama hiyo itakuwa ni kushushwa cheo.

Mkishatuandikisha, korido yetu itangazwe eneo la hifadhi, na aletwe baharia mmoja mwenye darubini akae juu ya kabati kutazama tukipita. Chai atapewa. Ikishindikana hata hilo, basi mchukueni mume wangu kwa safari moja tu, mumweke mbele ya kile kitufe, na wewe mwenyewe umwambie bonyeza. Abonyeze mpaka kiu iishe, arudi ametulia. Ila mtafute kwanza sehemu ya bahari isiyo na kiumbe anayesikia. Nilimuuliza iko wapi, akasema katika miaka yote aliyosikiliza hajapata kuisikia. Kwa hiyo hilo nalo naliondoa. Nyangumi hawajatukosea kitu.

Nisalimie mabaharia wote, mpishi wenu, na yule aliyechagua saa, ina mlio wa chini sana na ninamshukuru. Wasalimie na walio karibu na meli yenu, wenye mapezi na wasio na mapezi.

Wako mtiifu, na kwa sasa bado binadamu,
Mke wa Sikio, mshona mapazia.

Tanbihi: Jana nilikuwa nalamba bahasha Mama akaingia na mzigo wake. Anasema kwa mama mdogo hakukosewa hata kidogo. Mazulia yapo, kimya kipo. Siku moja alikaa chumbani tangu asubuhi hadi chakula cha mchana, na hakuna mtu aliyetaka kujua kama yupo au ameshakufa. Hapo akajikuta ametega sikio, anangojea sufuria.

Mapazia yangu ameyashusha mwenyewe, tutayageuza mito. Kisha akasimama katikati ya korido, akavuta pumzi, akapiga: "Ooooi!" Mume wangu alikuwa bafuni. Aliusikia, akaijua sauti ni ya nani, akatoka mbio na taulo na povu na kukwama pale pale nilipokwama mimi. Fundi bomba, aliyerudi kwa ajili ya sinki lile lile, aligeukia ukuta wake. Mama akatazama dari kwa heshima ya ukwe, akatangaza: mkwe, korido, umbali sifuri. Mume wangu alicheka huku machozi yanamtoka. Alisema ni sabuni. Nami machozi yalinitoka, na sikuwa na sabuni.

Kwa hiyo, Mheshimiwa, futa majina yetu. Kama nafasi ya nyangumi bado ipo, mpe mume wangu, maana tangu jana ndiye anayekwama. Naishia hapa, Mama amepiga tena, mume wangu ameshaitika, na zamu ni yangu. Nipo!