Ombi la Kupatiwa Mbishi wa Kiwanja cha Mkonze

Kwa Mheshimiwa Mwenyekiti wa Baraza la Ardhi, shikamoo.

Kikohozi cha Mzee Mazengo hakijanitoka masikioni. Siku ile ulipouliza nani anapinga kwamba kiwanja cha Mkonze ni cha mama yangu, Raheli, ambaye majirani humwita Mama Lydia kwa jina langu, yeye jirani tuliyemshtaki alikohoa, na Baba Mdogo Optatus akanifinya mkono kwa furaha. Kumbe lilikuwa vumbi tu. "Mimi sipingi, mheshimiwa," akasema. "Nilikosea mpaka, na Mama Lydia nimeshamwomba radhi." Ukatushauri tuliondoe shauri. Baba Mdogo, anayemwakilisha mama, akakataa katakata, nawe ukatupa miezi miwili ya kutafakari. Nimetafakari, ndiyo kazi ninayoiweza. Malalamiko yangu ni haya:

1. Mzee Mazengo ametuangusha. Mtu aliyepelekewa wito kwa heshima zote hadi shambani kwake Zuzu hakupaswa kukubali kosa siku ya kwanza. Angetufikiria na sisi.

2. Hakuishia hapo. Amepanda minyaa mpakani kwa mikono yake, tena amerudi hatua mbili upande wake, "ili Mama Lydia apate pa kupitisha toroli." Baba Mdogo alipima kwa kamba mara tatu akitafuta tulipoonewa. Akakuta tumezidishiwa. Siku hiyo hakula.

3. Ofisi ya ardhi nayo imempa mama hati bila hata kumzungusha. Baba Mdogo aliishika kwa ncha za vidole. "Hii ni karatasi ya kupewa, Lydia. Mimi nataka ya kushinda." Akaagiza bati hata moja lisipande mpaka hukumu isomwe. Basi mama bado amepanga chumba Ipagala, na kuta za nyumba yake ya Mkonze, za tofali zisizochomwa, zinaingoja mvua ya Desemba bila paa. Tofali hizo hazina ubishi na maji. Zitakubali mara moja, kama Mzee Mazengo.

4. Kwa kuwa shauri haliendi bila mbishi, naomba Baraza litupatie mdaiwa mwingine. Awe na sauti, na asijue kuomba radhi. Asiwe mtu wa Mkonze, maana majirani wa kule wameshaharibika.

5. Akikosekana, mama amshtaki Baba Mdogo, kwani ndiye pekee anayemzuia kukaa kwake. Baba Mdogo aendelee kumwakilisha mama na ajijibu mwenyewe. Hapo atakuwa amepata mtu wa kiwango chake.

Wasalimie makarani wa masjala, na yule mlinzi wa getini anayemwita Baba Mdogo "wakili". Mama anakusalimu. Mzee Mazengo pia, amesoma barua hii akacheka, akasema, "Niongezee ubaya kidogo, mwanangu, labda nitafaa."

Ni mimi, ninayetafuta ugomvi kwa unyenyekevu,
Lydia Bartolomayo

Nyongeza: Usimtafute mtu. Alhamisi mama alisaini mwenyewe barua ya kuliondoa shauri, nami nikaifikisha masjala. Jumamosi tukapandisha bati, Mzee Mazengo akishika ngazi. Baba Mdogo alitukuta kwenye bati la mwisho. Alisimama uani muda mrefu, kofia mkononi, hadi mama akamwambia, "Shemeji, ingia basi, jua kali." Akaingia. Leo asubuhi nimerudisha ufunguo wa Ipagala.