Pamba ya Darini kwa Ajili ya Otto

Jumatano, 8 Januari
Mji wetu wa Duluth umeganda wote. Binti yetu Kirsten kapiga simu: Jumamosi wanamleta Otto, mjukuu wangu wa kwanza, miezi mitatu. Kisha akaongeza kwamba chumba chetu cha wageni kikiwa na baridi kama ile ya Krismasi, watalala kwa Norbert. Norbert! Jirani yangu na baba mkwe wa Kirsten! Paa lake limejaa theluji wiki nzima, maana joto lake halitoroki. Langu linavuja joto, theluji yote imeyeyuka, lina kipara mtaa mzima unakiona. Mjukuu wangu halali huko. Kesho naongeza pamba ya karatasi juu ya dari, ile ya kuzuia joto lisitoroke.

Alhamisi, 9 Januari
Nimenunua magunia ishirini ya pamba. Dukani wameniazima mashine ya kuipuliza. Muuzaji akasema ni kazi ya watu wawili: mmoja chini analisha mashine, mwenzake juu anashika mpira unaotoa pamba. Mke wangu Lorna ana goti bovu. Akasema si nimwite Norbert tu, jamani? Heri nigande! Nitaufunga mpira kwenye boriti kwa kamba. Akili ninayo.

Ijumaa, 10 Januari
Kamba imekatika. Mpira ukaporomoka kupitia mlango wa dari, ukamwaga magunia matatu chumba cha wageni. Kitanda cha mtoto hakionekani! Nami niko gereji, nalisha mashine, napiga mluzi. Lorna akavaa buti, akaenda kumleta Norbert. Aibu niliyoipata! Norbert akauliza, kwa upole kabisa, kama nilikuwa najaza dari au godoro. Akapanda yeye, mimi nikalisha. Saa tisa tumemaliza, kule darini pamba inafika magotini kila kona.

Jumamosi, 11 Januari
Wamefika. Chumba kina joto hadi Kirsten kavua sweta. Otto kalala kwetu! Nimempakata saa nzima, nimefurahi mpaka nikalia. Kirsten akauliza nani kafanya kazi nzuri hivi. Nikasema mimi, peke yangu. Norbert alikuwa palepale na kahawa yake. Akanywa funda, akasema kweli, mzee huyu hajambo. Lorna akakohoa.

Jumapili, 12 Januari
Kirsten kanikumbatia mlangoni. Kwao Fargo chumba cha Otto kina baridi vilevile, na mumewe hajui hata kushika nyundo. Anaomba baba aje afanye kama alivyofanya hapa. Nimekubali palepale. Norbert akasema twende wote. Nikamwambia abaki apumzike, kazi hii inataka mtaalamu.