Tangi la Familia Moja

Jumatatu, 3 Februari

Siku ya kwanza ya kazi. Tangu asubuhi hadi jioni nimesema maneno manne tu, na mawili kati ya hayo nililiambia tangi.

Kazi yenyewe ni katika duka la samaki wa mapambo. Matangi ya vioo ukuta mzima, maji, viputo, utulivu. Niliomba hapa mara tu nilipomaliza shule kwa sababu samaki hawamuulizi mtu kwa nini yuko kimya. Sikujua kwamba mwenye duka, ambaye kila mtu humwita Mama Matangi, amechukua wasichana wawili kwa majaribio. Jumamosi atabaki mmoja. Nisipobaki mimi, nitapelekwa kwa shangazi kushona vifungo. Shangazi huanza kuzungumza anapofungua mlango wa chumba cha cherehani na hunyamaza anapoufunga. Mbaya zaidi, hutaka kujibiwa.

Mwenzangu nimempa jina la Chiriku, yule ndege asiyenyamaza. Leo aliingia mwanamume mmoja kuuliza njia ya kwenda posta. Alitoka na samaki watano, tangi, na mfuko wa changarawe za rangi. Posta sijui kama alifika.

Mimi nilikuwa nimejificha nyuma ya mashine za hewa, nikimwangalia kambale. Yuko peke yake katika tangi la pembeni, mweupe, mwenye sharubu, na Mama Matangi amemwekea jiwe juu ya kifuniko. Maskini! Hana hata rafiki mmoja. Tulitazamana kwa muda mrefu. Nadhani alinielewa.

Mpango wangu: kwa mdomo Chiriku simwezi. Nitamshinda kwa elimu.

Jumanne, 4 Februari

Elimu nimeipata. Ilikuwa chini ya meza.

Ni kitabu kinene cha samaki, hakina jalada, kilichowekwa kuuinua mguu mfupi wa meza ya kupimia chakula. Nilikichomoa. Meza ikainama, ndoo ikateleza, nikalowa mpaka magotini. Mama Matangi akaniuliza, kwa upole kabisa, kama meza za nyumbani kwetu zina miguu mitatu. Nikaweka tofali mahali pa kitabu. Akaniruhusu kukichukua, maana kwake kilikuwa tofali pia.

Nimesoma mpaka shingo imekakamaa. Kumbe samaki wana majina ya familia! Majina ya kisayansi, yanaanza kwa herufi kubwa na kuishia na -idae. Oska, samaki malaika, wale wadogo wenye milia, hata perege wa kukaanga: wote ni Cichlidae. Samaki wa dhahabu ni Cyprinidae. Kambale wangu ni Clariidae. Ukitaja familia moja umetaja mamia ya samaki kwa mpigo. Kwa mtu mvivu wa kusema kama mimi, hii ni neema.

Jambo moja tu limeniudhi. Kitabu kinasema Cichlidae linatokana na neno la Kigiriki ambalo kwanza lilikuwa la ndege fulani mwimbaji. Yaani hata majini nimemkuta Chiriku amefika kabla yangu.

Nilifanya mazoezi ya matamshi bafuni. Kaka akagonga mlango akitaka kujua kama natapika au nasali, na kama ni kutapika nifanye haraka kwa sababu yeye anataka kuoga. Hajui sayansi. Nikakaa humo nusu saa zaidi ili ajifunze subira. Akanizimia taa. Mama akatugombeza wote wawili: ndugu wa tumbo moja, kila siku kurukiana! Nikarudi kwenye kitabu. Kuna mambo ya maana zaidi ya kufikiria.

Jumatano, 5 Februari

Asubuhi: aibu.

Aliingia bibi mmoja na mjukuu wake. Chiriku alikuwa chooni. Nafasi! Nikatoka nyuma ya mashine. Mtoto akanyoosha kidole kwa oska, akauliza yule ni nani. Nikamjibu kwa sauti ya chini, ni Cichlidae. Akaonyesha samaki malaika. Cichlidae. Akaonyesha wenye milia. Cichlidae. Bibi akanitazama kwa huruma, akaniuliza kama ni neno hilo moja tu walilonifundisha. Nikataka kumweleza kwamba jina la familia ni la kundi zima, si la samaki mmoja, na kwamba nilikuwa sahihi mara zote tatu. Nilikuwa bado napanga neno la kuanzia. Chiriku akarudi, akasema huyu ni oska, bibi, anamjua anayemlisha na humfuata kama mbwa. Wakamchukua. Kwa nini mimi sikusema la mbwa?

Mchana: utukufu!

Alikuja daktari wa meno. Anataka tangi katika chumba chake cha kusubiria, ili wagonjwa watulie kabla hajawaita. Alitaka samaki wanaopatana. Hilo alilirudia: wanaopatana, dada, kwangu kuna woga wa kutosha. Mama Matangi alikuwa ametoka kwenda kuchukua mchanga. Chiriku alikuwa na wateja watatu. Nikabaki mimi.

Nilinong'ona. Daktari akainama, akasikiliza, wala hakukasirika. Amezoea watu wasioweza kufungua mdomo. Akangoja. Hakuna mtu aliyewahi kuningoja namna hiyo! Basi maneno yakatoka. Nikamwambia siri ya mapatano ni ukoo. Usichanganye wageni. Weka familia moja, Cichlidae watupu, ndugu kwa ndugu, na chumba kitatulia kama mlangoni kumewekwa shehe. Nikamchagulia oska wawili wakubwa, malaika wanne, wenye milia sita. Akaandika jina kwenye kikaratasi chake cha dawa. Akasema hajawahi kuhudumiwa na mtu makini hivi.

Alipoondoka, Chiriku akanivuta pembeni. Akadai Mama Matangi hapangi samaki kwa majina, hupanga kwa tabia na kwa ukubwa wa mdomo. Wapole karibu na mlango, wagomvi dirishani, na anayeweza kummeza mwenzake hakai naye. Akaniomba nimwulize Mama kwanza. Mtoto wa watu, alikuwa na sura ya wasiwasi kweli. Lakini mimi si mjinga. Huo ni wivu.

Jumatano hii naiwekea nyota pembeni.

Alhamisi, 6 Februari

Tangi limefungwa kliniki. Nililipanga mwenyewe, mawe na majani. Juu ya kioo nikabandika lebo niliyoiandika kwa mwandiko wangu bora: FAMILIA YA CICHLIDAE. Daktari akanisaidia kunyoosha kona. Mama Matangi alikuwa amenituma niende na fundi wa mashine ya hewa, akijua tu kwamba nimeuza tangi. Aliniuliza ni samaki gani, nikamjibu ni familia moja. Akadhani ni samaki wa dhahabu, maana ndio wanaopendwa na madaktari. Sikumsahihisha. Nilitaka aone mwenyewe ashangae.

Saa tisa daktari akapiga simu. Akasema wagonjwa hawabanduki kwenye kioo. Samaki wanacheza! Wanafukuzana huku na huku, wakubwa nyuma ya wadogo, wadogo chini ya mawe. Nikamwambia ndivyo ndugu walivyo, wamefurahi kuonana. Chiriku alikuwa anapangusa kioo. Kitambaa kikasimama.

Jioni kaka alikalia kiti changu cha kusomea na akakataa kunyanyuka. Nikamfinya. Akanifinya. Mama akasema tutamuua kwa presha. Nilimwandikia daktari karatasi ya maelezo kuhusu upendo wa samaki wa ukoo mmoja, lakini wino ulimwagika tulipokuwa tunagombea kiti.

Ijumaa, 7 Februari

Ee Mungu wangu.

Simu ilikuja saa mbili na nusu. Daktari hakupaza sauti, hapazi, lakini nyuma yake nilisikia mtoto analia na mtu mzima anasema jamani, jamani. Mama Matangi akaniambia twende. Akamwambia Chiriku naye aje na ndoo mbili na nyavu.

Chumba cha kusubiria kilikuwa kimejaa. Watu wote wameshika mashavu, na wote macho kwenye tangi. Malaika mmoja hana mapezi, anaelea ubavu. Wawili hawaonekani. Oska mmoja ana mkia wa milia unaomning'inia mdomoni, kama mtu aliyeitwa mlangoni katikati ya chakula. Wenye milia waliosalia wamejitwalia jiwe, na kila anayelisogelea anang'atwa, hata oska. Na juu ya yote hayo, kwa mwandiko wangu bora: FAMILIA YA CICHLIDAE.

Mzee mmoja aliyefunga kitambaa kichwani kwa ajili ya jino akasimama. Akatangaza kwamba kama samaki wa hapa tu wanang'oana hivi, yeye jino lake anarudi nalo nyumbani. Wengine wawili wakamfuata. Mama mmoja akasoma lebo, akacheka mpaka akashika taya, akasema hiyo familia anaijua, ni ya mumewe.

Nilitaka kuingia ndani ya ndoo.

Chiriku ndiye aliyewatoa samaki, mmoja mmoja, huku akiwapigia wagonjwa porojo mpaka mtoto akanyamaza. Mimi nilibandua lebo. Ilikuwa imeshika vizuri mno. Nilibandua vipande vidogo vidogo, herufi kwa herufi, watu wakitazama.

Dukani Mama Matangi akaniketisha kwenye debe. Akaniuliza ni nani aliyeniambia kwamba ndugu wanapatana. Nikasema kitabu kimeandika familia. Akasema kitabu kinaeleza wanavyofanana mifupa na mapezi, nani ametoka kwa nani. Hakijasema wanapendana. Hao wanagombea jiwe lilelile kwa sababu wote wanataka kitu kilekile. Kisha Chiriku, ambaye hakuulizwa, akasema na yeye ana kosa, alijua tangu Jumatano akanyamaza bila kumwambia Mama Matangi.

Chiriku, akanyamaza! Nikaziosha ndoo zake zote mbili.

Kesho ni Jumamosi. Nimeanza kuvitazama vifungo vya shati langu.

Jumamosi, 8 Februari

Mama Matangi alituita saa ya kufunga. Akasema Chiriku anabaki. Ni haki. Niliukubali uamuzi kwa kichwa, machozi yakaukubali kwa njia yao.

Halafu akasema kuna jambo lingine. Daktari alipiga simu. Tangi lake liko tupu, na wagonjwa wanaoingia wanauliza iko wapi ile familia. Anataka samaki wengine, wanaopatana, na anataka ahudumiwe na yule msichana wa sauti ya chini. Mama Matangi akasema hajui huyo daktari ana ugonjwa gani, lakini mteja ni mteja. Kwa hiyo ananiongezea wiki moja. Sharti ni moja: nisipeleke samaki yeyote popote kabla ya kumwuliza Chiriku. Akanifanya nirudie kwa sauti. Nikarudia. Akasema hajasikia. Nikarudia tena.

Chiriku akanikumbatia, akasema mwenzangu, hao samaki wa daktari tutakula nao sahani moja. Ninampenda. Nilimwonea bure. Wiki moja! Kwa shangazi siendi!

Nimeapa kutumia akili tu, na si kitabu.

Kitabu nimekirudisha chini ya meza. Nitakichungulia kesho kidogo tu, kuhakikisha hakijalowa.

Jumanne, 11 Februari

Nimeelewa! Nimeelewa kila kitu!

Jumapili niliinama chini ya meza kwa saa mbili nikifikiri. Nilikosea wapi? Niliweka familia moja. Ndugu wanagombana, kila mtu anajua, hata kaka amenipiga kwa mto asubuhi hii. Basi jina la familia lina kazi moja kubwa, nayo ni kutuonya! Ukiona majina mawili yanafanana, tenganisha. Yakitofautiana, changanya bila woga. Wageni huheshimiana. Nani amewahi kufinyana na mgeni?

Kwa hiyo jana nilipeleka kliniki tangi jipya. Samaki wadogo wa dhahabu kumi na wawili, Cyprinidae. Na mwenyeji mmoja tu wa familia tofauti kabisa, Clariidae: kambale wangu! Hatimaye amepata marafiki. Jiwe la kifuniko sikulibeba, ni kumdhalilisha. Lebo mbili safari hii, moja kila upande.

Nilikwenda kumwuliza Chiriku kwanza, kama nilivyoahidi. Alikuwa anazungumza na wateja. Nilisimama nyuma yake nikauliza, kwa sauti yangu ya kawaida. Hakugeuka. Hakukataa.

Daktari amepiga simu sasa hivi. Habari ni njema. Hakuna kufukuzana, hakuna kung'atana, tangi limetulia kabisa. Kambale amenenepa kwa siku moja tu, hewa ya kliniki imemfaa, na haondoki mahali pake, ametulia tumbo chini kama mtu aliyeshiba. Daktari anasema wale wa dhahabu anawaona wawili tu.

Nimemwambia asiwe na wasiwasi. Ni wageni, wamejificha. Wana haya kama mimi.